Maharage ya Makaburini

Mimi sili maharage. Kwa mtu wa Mbinga kusema hivyo ni kama kusema hanywi maji, na nimeshachoka kuulizwa. Wengine wanadhani nina vidonda vya tumbo. Wengine wanasema ni maringo niliyopanda nayo kutoka ziwani, eti nilizoeshwa samaki. Mke wa mwanangu wa kulea alipokuja hapa kama bibi harusi alinipikia maharage ya nazi, na nazi yenyewe ilisafiri kutoka Songea mjini, nikasukuma sahani. Akaenda kulia jikoni akijua mama mkwe hampendi. Sikumwambia kitu. Ningeanzia wapi? Majuzi tulipomzika wifi yangu Fotunata walipakua chakula cha msiba, ugali na maharage, na kijana mgawaji akanijazia bila kuuliza. Nikakaa na ile sahani magotini, mvuke unanipanda usoni, na mwaka ule wote ukanirudia. Basi niandike. Shule nilikwenda kidogo tu, nikatolewa kuchuma kahawa, kwa hiyo anayesoma anivumilie nikiacha njia. Nitarudi.

Ulikuwa mwaka wa ruksa. Neno hilo lilikuwa mdomoni mwa kila mtu, hata watoto wakikojoa njiani walikuwa wanasema ruksa. Chama cha ushirika kilikuwa kimefunga mlango, nyasi zikaota kwenye ngazi zake, na wanunuzi wa kahawa wakaja wenyewe na mizani nyuma ya gari, kila mmoja akisema mwenzake ni mwizi, na kwa hilo wote walikuwa wakweli. Mitumba ikafika. Ungeona mzee mzima na heshima zake, katekista, amevaa koti la kike lenye vifungo vya maua, amependeza, na hakuna wa kumwambia. Mume wangu alisikia kwamba Tunduru watu wanaokota vito kama unavyookota kuni, akafunga shuka mbili akaenda, na ndiyo anaokota mpaka leo. Mimi nikabaki na dada yake Fotunata katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya Misheni. Chumba kimoja tulilala, kingine kilikuwa cha magunia na panya. Fotunata alikuwa anapika komoni, pombe safi, watu walitoka hadi Litumbandyosi wakamuulizia kwa jina. Alikuwa mtu wa mdomo. Akikutania leo, utapata jibu lake keshokutwa ukiwa unapalilia peke yako.

Sasa makaburi. Waliokuja juzi juzi wanayaona yalivyo na kusema mazuri, lakini hawakuyaona yalipokuwa mazuri kweli. Bruda mmoja Mzungu wa zamani sana, kabla mimi sijazaliwa, aliukata mlima ngazi tatu, akapanga mawe kingo zote na kuyapaka chokaa. Ngazi ya juu ni ya mapadri, mabruda na masista, misalaba ya saruji, majina yao marefu yasiyotamkika. Yeye mwenyewe Bruda yuko pale, homa ya mkojo mweusi ilimchukua kabla hajamaliza ukuta. Yuko na Sista wa zahanati aliyewazalisha mama zetu na kuwapiga makofi ya mapaja wakipiga kelele. Ngazi ya kati ni ya makatekista na walimu. Ngazi ya chini ni yetu sisi wengine, udongo umetuna, msalaba wa mti, basi. Kila ukingo Bruda alipanda misaipresi, ile tunayoiita miti ya Krismasi, na kufikia wakati wangu ilikuwa mirefu kuliko mnara wa kanisa. Chini yake kulikuwa na maua ya buluu yenye vichwa vikubwa. Ukipanda ngazi ya juu siku ya jua uliliona ziwa kwa mbali, kama mtu amesahau shuka la buluu juu ya majani. Watu tulikwenda kukaa pale hata bila msiba. Kulikuwa na baridi nzuri na harufu ya utomvu.

Mwanangu Odo alikuwa ngazi ya chini. Surua ilimchukua mwaka uliotangulia, akiwa ameanza kusema maneno, na neno lake kubwa lilikuwa "hapana". Fundi wa Misheni alimchongea msalaba kwa ubao wa kasha, upande wa nyuma ukabaki na maandishi ya wino, mabaki ya kasha, sijui yalisema nini. Juu ya kaburi lake kulikuwa na mti mmoja uliopinda, umeinama kama mama anayetafuta shilingi iliyomdondoka. Kwa hiyo sikuhitaji kutafuta. Kila Jumapili baada ya misa nilikwenda moja kwa moja kwenye mti uliopinda, na Fotunata nyuma yangu, na alikuwa anamsemesha: "Odo, shangazi amekuja. Mama yako leo kavaa viatu vya mitumba, kimoja kikubwa kingine kidogo, mwangalie anavyotembea." Nilikuwa nacheka pale pale kaburini. Sijui kama ni dhambi.

Habari ya miti niliisikia nikiwa jikoni. Halmashauri ya parokia ilikuwa inakunywa uani kwetu baada ya vikao, na ukuta wa jiko letu ulikuwa wa miti na udongo uliodondoka, kila neno linapita. Mwenyekiti alikuwa Mzee Gaudensi, mtu wa sauti nzito na miguu myembamba.

"Jimbo limesema tujitegemee," alikuwa anasema. "Tujitegemee na nini? Rozari? Mimi nasema mashine ya kusaga. Wake zetu wanabeba mahindi kwenda kusaga mbali, wanarudi usiku, na wakirudi usiku sisi tunaulizana maswali."

Wakacheka. Mmoja akauliza mashine itatoka wapi.

"Juu pale. Kuna mfanyabiashara wa mbao wa Njombe, ameiona ile miti ya makaburini, amelamba midomo. Ile miti inafanya kazi gani pale? Inawakinga marehemu jua?"

"Bruda aliipanda, Mwenyekiti."

"Bruda amekufa. Na kama angekuwa hai angetaka unga."

Fotunata alikuwa anachuja pombe karibu nami. Akatoa kichwa dirishani akasema, "Baba Gaudensi, ukifa wewe tutakupanda muhogo kifuani, ujitegemee." Wakacheka zaidi, na Gaudensi akacheka kuliko wote. Ndivyo jambo lilivyopita. Mimi pia nilicheka. Nilifikiri ni maneno ya pombe.

Watu wa Njombe walikuja na chenso, msumeno wa mashine, kiangazi kile. Sisi tulikuwa hatujawahi kuisikia, wanawake waliokuwa mtoni walikimbia wakidhani ni ndege inaanguka. Nilikwenda nikasimama kwenye mti wangu uliopinda, nikamwambia fundi wa chenso, kijana wa watu mwenye kofia ya sufu, kwamba huo umepinda, hautoi mbao. Akanijibu vizuri tu: "Mama, hautoi mbao lakini unatoa kuni." Siku chache baadaye hata visiki vilikuwa vimeng'olewa, watu wamechoma mkaa. Makaburi yalibaki wazi kama kichwa kilichonyolewa kwa ajili ya chawa. Lakini msalaba wa Odo ulikuwa umesimama, nikajisemea afadhali.

Kisha mvua. Nyinyi mnaojua milima yetu mnajua mvua ikikuta mteremko mtupu. Udongo ulianza kutembea. Matope yalishuka toka ngazi ya juu yakafunika maua ya buluu, misalaba ya miti ikaanza kuinama, na watu wakaogopa, maana hakuna anayetaka kumwona babu yake mara ya pili. Wakati wanajadili la kufanya mimi nikaletewa salamu kwamba mama mdogo wangu kule ziwani ameanguka, upande mmoja umekufa, hana wa kumgeuza. Nikashuka. Nilikaa kwake tangu mvua zikiwa katikati hadi baridi ilipoanza.

Niseme kidogo juu ya nyumba ile, maana ndiyo sehemu pekee ya mwaka ule ninayoikumbuka bila kukunja uso. Chumba cha mama mdogo kilikuwa kinanuka usipa, zile dagaa zetu za Nyasa, zimeanikwa hadi juu ya kabati, na tulikula ugali wa muhogo asubuhi na jioni, mweupe unavutika. Yeye alikuwa Muanglikana, na ulimi wake ulipona kabla ya mkono. Alikuwa akinichokoza amelala: "Huko juu kwenu Wakatoliki mnazika kwa ngazi kama shule, eti? Padri darasa la saba, mwalimu darasa la nne, na mjukuu wangu mmemweka chekechea?" Nikamwambia pale chini ndipo penye udongo laini. Akasema, "Haya. Lakini angalia wasije wakamfukuza shule." Nilicheka hiyo siku pia. Nikikumbuka watu walionichekesha mwaka ule nashangaa ulikuwaje mchungu namna ile.

Nilirudi siku ya sikukuu ya somo wa parokia, mtakatifu wetu msimamizi, ndiyo siku waliyofungua mashine. Nilitembea kutoka barabarani na mzigo wa samaki kichwani, na kabla sijaweka mzigo chini nikasikia inanguruma, tu-tu-tu-tu, na watu wameizunguka wamepauka unga usoni kama watoto. Nilikuwa na njaa ya safari. Wanawake walikuwa wamepika uwanjani kwa Misheni kwenye mapipa, wakanipa sahani: ugali wa unga wa mashine mpya, na maharage mekundu, makubwa, yameiva hadi yanapasuka. Nilikula nikaongeza. Nasema kweli, yalikuwa matamu. Nilikula na mkono nikaulamba.

Nilikuwa nimekaa na kundi la akina mama chini ya ukuta wa sakristia, na nyuma yangu wawili walikuwa wanaongea polepole.

"Udongo ule una rutuba, jamani. Mimi shambani kwangu hayajawahi kuwa na ukubwa huu."

"Utakosaje rutuba? Babu zako wote wako mle."

"Ebo! Usiniambie wakati nakula."

"Kula. Uliyalima mwenyewe."

Nikageuka nikawaamkia. Nikauliza, shamba gani hilo? Mmoja akaangalia sahani yangu, mwenzake akaanza kumwita mtoto ambaye hakuwepo. Fotunata alikuwa kwenye pipa na mwiko, akaniona nimesimama, akauacha mwiko ndani ya maharage.

Hapa lazima nieleze, kwa yeyote asiyetoka kwetu. Sisi Wamatengo tuna kilimo chetu cha ngoro. Wanaume wanafyeka nyasi, wanazilaza kwa mistari inayokatizana, inatokea miraba. Wanawake tunakuja na majembe, tunachimba katikati ya kila mraba na kutupia udongo juu ya zile nyasi, mpaka mlima mzima unakuwa mashimo na matuta kama sega la nyuki. Mvua ikinyesha inakaa shimoni, udongo haung'oki. Nyasi zinaoza ndani ya tuta, ndiyo mbolea. Babu zetu waliishi milimani hivyo na hakuna Mzungu aliyetufundisha. Kwa hiyo halmashauri ilipokaa kujadili makaburi yanayotembea, ni nani asingesema tupige ngoro? Hata mimi ningekuwepo ningesema. Na tukishapiga ngoro, hatuiachi tupu. Mwanamke akiacha ngoro bila maharage anachekwa mpaka kwa wajukuu. Hawakukaa kikao cha kupanda. Mikono ilipanda yenyewe.

Nilikwenda. Hata mzigo wa samaki niliuacha. Ngazi ya juu misalaba ya saruji imesimama, ya kati pia mingine, makatekista waliojengewa. Ya chini ilikuwa ngoro tupu, imepangwa kwa ufundi, mashina ya maharage yaliyong'olewa yamelala pembeni. Hakuna tuta la kaburi, hakuna msalaba. Misalaba ya miti walikuwa wameilaza pamoja na nyasi, wakafukia. Mti ni mti, unaoza, unakuwa mbolea. Na mti wangu uliopinda haukuwepo wa kunionyesha. Nikaingia mle nikawa navuka tuta hadi tuta, nachungulia kila shimo. Mashimo ya ngoro yanafanana. Ndiyo uzuri wake, mkulima hodari anasifiwa kwa hilo, yafanane. Nikainama nikatia kidole mdomoni ili nitapike, nikashindwa. Maharage yalikuwa yamekaa.

Mzee Gaudensi alinikuta pale, na watu nyuma yake.

"Shikamoo baba," nikasema. Adabu ilitoka tu.

"Marahaba mama. Pole na safari. Mgonjwa anaendeleaje?"

"Mwanangu yuko wapi?"

"Mama Odo, tulia. Ilikuwa mvua. Wangetoka wote hawa, ungewaona barabarani."

"Baba, nakuuliza ni wapi. Nionyeshe tu tuta."

Akawaangalia wanawake. "Nani alilima hapa?"

Wote walilima. Mama zao walikuwa mle, na waume zao, na watoto wao pia. Nikamwona mama mmoja anaangalia viganja vyake.

"Mtoto yuko mbinguni," Gaudensi akasema. "Huku chini ni udongo tu."

Nikamwonyesha ngazi ya kati, msalaba wa saruji wa baba yake, katekista, umefutwa matope, umewekewa ua kwa ajili ya sikukuu. "Na yule? Yeye hajafika mbinguni bado?"

Akasema kwa upole, na upole ule ndio nilioshindwa kuusamehe: "Yule alikuwa na saruji, mama."

Basi wakaondoka mmoja mmoja kurudi kwenye mashine. Fotunata akabaki. Nilizunguka mpaka miguu ikakataa, halafu nikachagua. Nilipiga magoti kwenye tuta moja karibu na ukingo, nikajiambia hapa, moyo umesema hapa, nikalia nilivyoweza. Fotunata alikuwa amesimama nyuma yangu. Yeye wa mdomo, hakusema neno. Nilifikiri anaomboleza nami. Tulipofika nyumbani nilimwuliza, "Wifi, na wewe ulilima?" Akasema, "Nililima." Sikumwuliza zaidi, wala sikuhama, ningehamia wapi. Mashine, nisije nikasahau, ilikufa kabla ya mvua zilizofuata. Kipuri hakikupatikana. Kuku walitaga ndani yake miaka.

Baadaye sana ndugu za Bruda na Sista walikuja kutoka ng'ambo, wazee wenye kofia, wakalia ngazi ya juu, wakaleta fedha. Ngoro ikasawazishwa, pakapandwa majani mafupi kama ya hotelini, miti mipya ya Krismasi, bogenvilia, na njia pana ya kokoto kutoka geti hadi juu ili wageni wasichafue viatu. Langoni kuna ubao umeandikwa makaburi ya kihistoria, na majina ya waliolala pale. Ni majina ya ngazi ya juu, na ya kati machache. Mwaka huu tena wamekuja, na mmoja akamwuliza mtafsiri, nami nikiwa napita, ni nani anayetunza bustani hii nzuri hapa chini. Mimi miaka yote hiyo nilikuwa napeleka maua kwenye ukingo wangu niliouchagua, kila Novemba ya marehemu na kila siku aliyokufa.

Mwezi mmoja kabla hajafa Fotunata alikuwa amevimba miguu, anakaa barazani, tunapukuchua maharage. Napukuchua, sili. Akaniangalia nikifunga maua kwa uzi, ikamtoka: "Lakini wifi, wewe na yule mzee mmeongea mengi."

"Mzee gani?"

"Huyo unayempelekea maua. Mzee Hilari."

Mzee Hilari alikuwa mpiga ngoma mlevi aliyekuwa anawatukana wanawake kisimani. Nilidhani ni homa. Nikamwambia aache utani.

"Si utani. Pale ni Hilari. Odo nilimlima mimi mwenyewe. Nilisema asiguswe na jembe la mtu baki." Akaendelea kupukuchua. "Nilijua shimo lake."

"Na ukaniacha?"

"Ulikuwa umeshapiga magoti, wifi. Umelia mpaka umechoka. Nije nikuambie hapana, si hapo, sogea? Nikasema kesho. Kesho yake ulikuwa umeshapeleka maua." Akafuta macho kwa kiganja chenye vumbi la maganda. "Hilari naye hakuwa na mtu."

Sikuongea naye siku tatu. Siku ya nne nikamwuliza wapi. Akanielekeza: usimame kwenye msalaba wa Sista, uangalie kona ya zahanati, ushuke mpaka ngazi ya chini. Nikaenda. Nikashuka macho yangu yakiwa kwenye kona ya zahanati, nikasimama. Nilikuwa katikati ya njia ya kokoto.

Ndiyo maana majuzi, tulipompeleka Fotunata, mimi nilisimama njiani mbele ya jeneza. Kwaya ikakatika. Mwenyekiti wa sasa, ambaye ni mtoto wa Gaudensi, akaniambia kwa sauti ya chini, "Mama, jeneza zito." Nikasema najua, pitieni kwenye majani. Akasema majani ya wageni. Nikasema pitieni. Vijana wakaangaliana, wakapita kwenye majani, wakakanyaga maua, na wote waliokuja nyuma wakafuata, hawajui kwa nini. Jioni nikasikia wananisema kwamba uzee umeanza kunipanda kichwani.

Tangu siku hiyo nikienda kanisani nabeba jiwe, la kutosha mkononi, naliweka pale katikati ya kokoto. Mtunza bustani analiondoa, anadhani ni watoto. Jumapili ifuatayo naweka jingine. Simwambii. Akichoka ataanza kulizunguka. Mimi sina haraka, na mlima wetu hauna shida ya mawe.